Ngozi Hii ni ya Mnyama Gani?

Yakhe wangu, leo Jumatatu mvua imekatika, lakini mimi bado sijatulia.

Ni ule mpira. Kaka yangu Salim, anayefanya kazi kwenye maghala ya Shimanzi, alipewa na baharia mmoja. Ngozi tupu! Sisi tuliozoea mipira ya plastiki tuliupokea kama bwana harusi. Jana tumeucheza mvuani mpaka ukafumuka mshono. Nani fundi? Mimi, niliyejifunza kushona kwa kufumua viatu vibovu.

Basi leo nimeubana mapajani, nikaufungua. Ndani blada ya upepo, juu yake kitambaa, kisha ngozi. Uzi nikaulowesha kwa mate kama kawaida yangu, nikashona, nikaukata kwa meno.

Kuugeuza, naona vitundu vya vinyweleo. Vitatu vitatu.

Ngozi ya ng'ombe haiko hivyo, nimeshashika nyingi! Hivi niliviona mara moja tu, kwenye kiatu cha mtalii, na mwenye duka akanifokea, "Weka chini hicho, ni nguruwe!"

Nguruwe.

Nimesukutua mpaka fizi zauma. Lakini si mdomo wangu unaonitia hofu zaidi. Jana Salim aliuingiza mpira ndani ukiwa umelowa chapachapa, ukabingirika hadi kwenye mkeka wa nyanya wa kuswalia. Nyanya akaufuta mpira kwa leso yake, akacheka: "Nyie watoto, hata mpira mwauleta kuswali?" Alfajiri ameswali juu ya mkeka ule ule, kajitanda leso ile ile.

Kama ni kweli, vyote ni najisi, vyataka kuoshwa mara saba, mara moja kwa mchanga. Na sisi pia, timu nzima tulioupiga vichwa.

Niseme? Mwaka jana nyanya alimfukuza Salim kwa kunuka pombe. Alilia mlangoni wiki nzima ndipo akarudishwa. Nyanya akasikia kwamba sasa ameleta nguruwe nyumbani, hatamsikiliza kwamba hakujua. Na je, kama macho yangu yamenidanganya? Nitakuwa nimemtoa ndugu yangu nyumbani kwa vitundu vya ngozi!

Ninyamaze? Basi sala zake zote, yakhe, mzigo wangu mimi.

Naandika mbiombio. Mwadhini ameanza alasiri, na nyanya aniita kutoka ukumbini: "Wee Abdu, mwanangu, hebu nitandikie mkeka."

Ungekuwa wewe, ungeutandika?