Nasor Hakutaka Kuvuka

Ndugu yangu Haruo,

Habari ya kifo chako imenifikia kwa barua ya kituo cha televisheni cha kwenu Japani. Wananiomba niandike machache ya kukukumbuka, wewe uliyesifika kwa kuigiza watu waliokuwepo kweli. Kwanza nnakwandikia wewe.

Ulipokuja Maskati kujifunza namna ya kumuigiza kwenye picha ya sinema marehemu Injinia Mori, Mjapani mwenzako aliyefanya kazi kwetu, nilikutembeza siku nane, tangu mtaa wa Ghala kwenye karakana yake mpaka kwetu Al Amerat. Nilikueleza alivyokaa mkekani kula wali, alivyosahau viatu vyake mlangoni. Ukaandika kila kitu, kisha ukanambia, "Mwalimu, wema wake nimeupata. Sasa nipe ubaya wake."

Nikakujibu kwamba sisi maiti tunamtaja kwa wema tu. Ukacheka. "Basi mnaninyima kazi."

Nilikuficha jambo moja. Siku mdogo wangu Nasor, dereva wa Mori, alipokufa wadini, kwenye bonde kavu linalojaa mvua ikinyesha, maji yalikuwa yanapita kwa nguvu na Nasor alisimamisha gari. Mori ndiye aliyemshurutisha avuke. Yeye aliokoka, akaja kutukiria mwenyewe, analia, tukamsamehe. Nikaona si adabu kulifukua.

Picha ilipotoka ukatuletea kanda. Tulikaa sebuleni, mama katikati. Mori wako anampigia kelele Nasor asimame, na Nasor anacheka, anakanyaga mafuta. Mama hajui Kijapani, lakini aliuona mkono wako ukimzuia. Akasema, "Huyu si mwanangu. Mwanangu akiogopa hata maji ya mvua uani." Akainuka akaenda chumbani. Amekufa na uchungu huo.

Nilikwandikia ukweli wote. Ulijibu kwa upole kwamba uliigiza ulichoandikiwa, na kwamba nilikuwa na siku nane za kusema. Hilo la pili linaniuma mpaka leo, kwa kuwa ni kweli. Lakini tangu hapo na wewe ulijua, picha ikaendelea kuonyeshwa kwenu, ukapokea sifa, hukusema neno.

Sasa wanataka nikutaje kwa wema. Nitakutaja: ulimwamkia mama shikamoo kila asubuhi, ukakaa naye kuchambua mchele. Kisha nitaandika nani alishurutisha, nani alificha, na nani alijua akanyamaza. Jina langu litakuwemo.

Kwa heri, Haruo. Mori nilimsitiri, na Nasor ndiye aliyelipa. Nnakuahidi, wewe sitakusitiri.

Mwalimu wako wa siku nane