Mlima Ulioitikia Salamu

Muleba,
Jumapili jioni.

Mama mpendwa,

Shikamoo. Nakuamkia nikiwa nimepiga magoti hata kwenye karatasi hii. Goti lako linaendeleaje na baridi ya Hamugembe? Je, shangazi Elieth alimaliza kuanika kahawa kabla ya mvua? Mimi ni mzima, ila sauti imenikauka, na sababu yake ndiyo habari yenyewe. Tafadhali soma mpaka mwisho, usiinuke katikati.

Unaijua kazi yangu ya ukarani kwenye mradi wa maji. Alhamisi, mafundi waliokuwa wakichimba mtaro wa bomba kule Kagoma walitoboa mahandaki yaliyo chini ya mlima. Wenyeji hawakushangaa. Walisema mlima huo huitwa Msengenyaji, kwa kuwa neno ukilisema kwenye tundu moja hutokea kwenye matundu yote, na ndiyo maana watu hawagombani kando yake. Mafundi watatu wakaingia kutazama kama kuna chemchemi. Nyuma yao udongo ukaporomoka, ukaziba walikoingilia.

Matundu ya kutokea yalikuwepo, lakini gizani wangeyaonaje? Mkuu wetu, Bwana Mwijage, akashika kipaza sauti, akawaita waifuate sauti yake. Mama, mlima mzima ulinguruma! Sauti iliwafikia kutoka kila njia kwa pamoja, nao wakawa wanazunguka tu, huku maji ya mvua yakianza kuingia ndani. Mama mmoja alimwambia Bwana Mwijage kwamba sauti yake ingefaa kufukuzia ngedere kwenye migomba, si kuokolea watu. Yeye akazidi kuipaza.

Mimi nikatumwa kuazima majembe kwa Bibi Kokugonza, ambaye kibanja chake cha migomba kiko upande wa chini wa mlima. Nilimkuta ameketi kando ya tundu, nyuma ya migomba yake. Unanijua: hata kwa haraka ile, sikuweza kuomba kitu kabla ya kuamkia. Nikapiga magoti, nikamsalimu kwa Kihaya, taratibu, kwa ile sauti ya chini uliyonifundisha, ambayo walimu wangu waliiita sauti ya mbu. Kabla Bibi hajajibu, mtu akaitikia kutoka ndani ya tundu. Wazi kabisa, bila mwangwi. Bibi akasema kumbe mlima nao una adabu: ukiufokea unafoka, ukiuamkia unaitikia.

Nikapanda mlima mbio. Mimi, ambaye ofisini huandika kikaratasi badala ya kuuliza swali, nilisimama mbele ya kijiji kizima nikamwomba Bwana Mwijage anyamaze. Akauliza mimi ni nani. Nikamwomba tena, kisha nikanyoosha mkono nikakizima kipaza sauti chake.

Nikarudi kwenye tundu la kwa Bibi, nikalala kifudifudi, nikaamkia kwa sauti ile ile ya chini, ili iwafikie kutoka upande mmoja tu. Wakaitikia. Nikaamkia tena, wakaitikia kwa karibu zaidi. Nilipoishiwa na ndugu wa kuwaulizia hali, niliulizia mbuzi, nikaulizia kahawa, nikaulizia hata migomba, mpaka mkono wenye tope ukanishika vidole.

Walitoka wote watatu! Wanawake wakapiga vigelegele, mlima ukavipokea, ukavitoa kwenye kila tundu, ukawa unashangilia wenyewe hata sisi tulipochoka. Bwana Mwijage akavua kofia, akaja kunisalimu. Kwa sauti ya chini, Mama.

Sasa keti. Aliyeitikia kwanza, na mkono ule wenye tope, ni Rwekaza wetu. Alikuwa amepata kazi ya bomba wiki ile ile, akataka kukushtukiza kwa habari njema. Nilijua tangu udongo ulipoanguka kwamba mdogo wangu yuko ndani. Sikumtaja mapema kwa sababu ungekuwa umeshapanda bodaboda kuja Muleba kabla ya kumaliza ukurasa. Anasema kule gizani alidhani ni wewe. Aliitikia kwa mazoea tu, ndipo akakumbuka kwamba amepotea.

Yuko hapa, mzima, anamalizia matoke yangu, naye anakuamkia. Nisalimie shangazi na majirani wote. Jumapili ijayo tunakuja wawili, na tutaanza kukuamkia tangu kwenye migomba. Wewe tuitikie kwa sauti yoyote utakayo.

Ni mimi binti yako,
Joyness