Tarehe ya Kuzaliwa ya Mama

Tuhin,

Wali upo kwenye sufuria, dengu nimezifunika. Kuku wape maji. ~~Usithubutu kutoka nje.~~ Ukishakula uje hospitali ya mifupa. Dada yako amempeleka mumewe Shofiq huko kwa riksho, nami nawafuata.

Ulipokimbia, Shofiq alikuwa bado sakafuni. Ulimpiga kwa gongo la kriketi mara nne huku ukipiga kelele, "Mwizi wee! Pasipoti ya mama yangu umeiuza wapi?" Mkono wake umevunjika. Jino lake nimeliokota chini ya kitanda. Nami sikukuzuia. Hata mimi niliamini hakupeleka maombi yangu ya viza ya utalii ya India niliyomkabidhi pamoja na pasipoti, maana kila ulipoangalia kwenye mtandao uliambiwa hayapo.

Huku akitema damu akaniuliza, "Mama, kwenye pasipoti umezaliwa lini?"

Hapo nikakumbuka. Huko mtandaoni wewe ulikuwa ukiandika siku niliyozaliwa kweli, ile ya mafuriko. Mwalimu aliyeniandikisha shule aliweka tarehe mosi Januari, kama alivyowawekea wenzangu wote, na pasipoti ikafuata hiyo. Nikaiandika kwenye simu yako uliyoiacha. Viza ilitoka siku kumi na mbili zilizopita. Dada yangu Rokeya alikufa juzi huko Kolkata, akiniita.

Nitaichukua pasipoti yenye viza kesho, niwahi arobaini yake. Leo nakaa na Shofiq.

Damu ya mlangoni usiioshe peke yako. Nikirudi tutaiosha wote wawili.

Mama yako