Jina la Baba Mkwe

Mwende, mjukuu wangu,

Mama Kioko wa kanisani ndiye anayeandika, mimi nasema. Nimemwambia asinipambie maneno.

Simu yako ya jana sikuipenda. Ati utaondoa maneno yangu kwa filamu yako kwa sababu baba yako mdogo amekwambia, "Mama hakutaja mtu. Alisema 'yule chifu'. Machifu walikuwa wengi." Na Jumamosi wanafungua sanamu ya huyo chifu hapa Nuu, juu ya ukuta wa silanga, bwawa letu la maji, imeandikwa kwamba ndiye aliyeichimba. Mikono ya huyo mtu haikuwahi kushika jembe.

Unakumbuka ukiwa mdogo, tukienda kuteka maji? Ulipenda kukimbia juu ya ule ukuta, nami nakuvuta sikio. "Shuka, hapo kuna mtu amelala." Unanuna mpaka nyumbani. Ulipokuwa mkubwa ukarudi na kamera, ukakalia kigoda changu. "Susu, ni nani amelala pale?"

Nikakwambia. Ni mtoto wa Ndinda, rafiki yangu. Tulichimba ile silanga kwa lazima, wanawake watupu, na Ndinda tumbo limefika. Akaomba aende nyumbani. Chifu akasema, "Chimba, utazaa jioni." Alizaa pale pale mchangani, na mtoto hakulia. Tulimfunika kwa udongo tuliobeba sisi wenyewe, kisha tukaambiwa turudi kazini.

Ukaniuliza jina la chifu, nikanyamaza. Ukasema, "Susu, si ni babu yake baba?" Ndiyo. Lakini unajua nthoni yetu: mke hatamki jina la baba wa mume wake, hata akiwa amekufa. Tangu niolewe halijapita mdomoni mwangu. Hata mtoto akipewa jina hilo, mimi namwita mgeni. Hiyo ni heshima, Mwende, na sasa wameifanya kichaka cha kujifichia.

Baba yako mdogo alikuja hapa asubuhi na sukari. "Mama, si unyamaze tu vile umezoea?"

"Mimi nimekuzaa, sukari haikunizaa. Ibebe."

Hakunywa hata chai. Usidhani siogopi. Hawa watu wa ukoo ndio watakaonizika, na ninakaa kwa shamba lao. Lakini Ndinda amezikwa akingoja mtu aseme, na mimi ndiye niliyebaki.

Kwa hivyo maneno yangu usiyatoe. Huko Mukuyuni unazunguka na kamera ukiuliza watu juu ya sanamu za wazee wao. Ya kwenu usiiruke. Na ule vizuri, umekonda kama fito. Ungekuwa karibu ningekutemea mate ya baraka kifuani. Jipake maji, useme ni ya Susu.

Mama Kioko ameinua kalamu, ananiangalia. Nimemwambia, andika vile nimesema, usipunguze.

Mimi Susu wako,
mke wa mtoto wa Chifu Nzuki wa Mbithi