Chuchu ya Nne

Mjukuu wangu Shija,

Marahaba. Huku Ziba hatujambo, babu yako anakohoa kidogo tu.

Umeuliza kwa nini ndama wetu pichani amenenepa hivyo. Zamani, sisi Wahelela, watu wa ng'ombe, tulipokuwa bado tunahamahama, kaka yangu alipeleka ng'ombe malisho ya mbali, mvua zikapita hajarudi. Kila asubuhi mama alimkamua ng'ombe mmoja aliyebaki nyumbani, chuchu tatu tu, ya nne anamwachia ndama. Nikamwambia, "Mama, hayo maziwa tunayahitaji."

"Hilo fungu la kaka yako," akasema. "Ndama anamtunzia."

Kaka aliporudi, yule ndama alikuwa ameshakuwa dume.

Babu yako analalamika chai siku hizi ina maziwa kidogo. Mwache alalamike. Tangu ulipopanda basi la Dar, nakamua chuchu tatu.

Bibi yako