Barua Zilizotandikwa Kabatini

Mama na Dada,

Vyombo viko sakafuni kwa sababu nimeondoa makaratasi yote yaliyotandikwa kabatini. Angalieni msikanyage vikombe. Chai imo kwenye chupa.

Jana karani wa ofisi ya pensheni alimwambia Mama kwamba marehemu Baba alikuwa kibarua tu wa serikali, na kibarua hamwachii mjane pensheni. Mama akarudi akatuambia foleni ilikuwa ndefu. Ukweli amenieleza asubuhi hii, huku amenigeuzia mgongo.

Kanuni iliyobandikwa ukutani mwa ofisi hiyo hiyo inasema kwamba mfanyakazi wa muda akitumika miaka kumi mfululizo, familia yake inastahili pensheni. Ushahidi ni barua za mkataba za kila miezi mitatu, ambazo Mama alizitandika chini ya sahani akidhani hazina kazi. Nimezipanga: miaka kumi na tisa, bila pengo. Ya mwisho ina alama ya kopo la mafuta, lakini mhuri unasomeka. Nazipeleka ofisini sasa hivi.

Dada, umenicheka: "Kaka, bweni lilikufunza kutandika kitanda, leo unatandua kabati!" Cheka, lakini upige pasi gauni la Mama.

~~Wakikataa, nitarudi tushauriane.~~ Wakikataa, nitakaa pale pale mpaka mkuu wao anisikilize.

Mama, njoo saa nne utie sahihi. Baba alipitia mlango wa nyuma, wa vibarua, miaka yote hiyo. Wewe pitia wa mbele. Utanikuta nimesimama hapo.

Mwanao wa kwanza