Dirisha Langu, Kituo cha Polisi

Jumatatu, 10 Juni

Nimeshuka mwaloni kwa wavuvi, nimenunua sato, nimekaanga, nimeuza. Mafuta yamenirukia mkononi. Kawaida. Ila siku hizi nikipanda nyumbani sebule si yangu tena. Makochi yamesukumwa ukutani, waya zimetambaa kila mahali, na dirishani pamekaa kamera juu ya miguu mitatu kama mgeni aliyekataa kuketi.

Mwanangu Minza anapiga filamu. Si zile video za harusi na kipaimara alizokuwa anawapigia watu pale Nyamagana. Filamu kabisa, ya ngumi na upelelezi. Kaiandika mwenyewe. Kamera anashika mwenyewe. Kupaza sauti, mwenyewe. Mimi niliishia darasa la saba, na huyo nimemzaa mimi. Hapa sina wa kuniambia nimezidi, acha nijisifu.

Hadithi ni hivi. Askari kanzu wawili wamejificha kwenye nyumba ya mlimani, wanachungulia mwalo, wanamsubiri jambazi ashushe magendo yake. Nyumba ni hii. Dirisha ni hili. Mwalo ndio huu wetu, hapo chini ya mawe. Nyumba nyingine ingebidi akodi. Ya mama ni bure, na chai bure, na ugali bure.

Jumanne, 11 Juni

Nyota wa filamu anaitwa Baraka. Kifua kama mlango wa benki. Anasalimia vizuri, shikamoo mama, shikamoo mama, kila akipita. Anaogopa maji. Ameletwa ziwani kuja kukamata majambazi na anaogopa maji.

Leo kapigana na jambazi sebuleni kwangu. Wamevunja chupa yangu ya chai. Nilicheka, Minza akanigeukia. "Mama, sauti yako inaingia!" Kukaanga ni kelele. Redio ni kelele. Jogoo wangu naye kelele, nimempeleka kwa jirani. Nimechoka kunyata ndani ya nyumba yangu mwenyewe.

Alhamisi, 13 Juni

Siku imeharibika yote. Walikwenda mjini kupiga kipande cha kufukuzana kwa bodaboda. Nikaenda nao, mtu asiseme mama yake hakuwepo. Hawajafika mbali, trafiki wa kweli akawasimamisha. Baraka hana kofia ngumu.

Minza akamwambia, "Afande, ni filamu hii."

"Kwani filamu haina ajali?"

Tukasimama juani mpaka kofia ilipopatikana. Tukaenda kivukoni. Jambazi alitakiwa aruke kwenye kivuko mlango ukifungwa, kisha ashuke. Akaruka. Vizuri sana. Kivuko kikaondoka naye. Kaenda mpaka Kamanga, ng'ambo ya ziwa, simu yake iko kwenye begi la Minza. Aliporudi jua lilishageuka na mwanga haufanani tena. Minza kakaa kwenye jiwe, kashika kichwa. Baraka anaondoka kwenda Dar wiki ijayo, na bado hawajapiga mwisho wa filamu: jambazi anakamatwa mwaloni, katikati ya mitumbwi na watu. Bila huo mwisho hakuna filamu.

Namuonea huruma. Nina hasira pia, sijui na nani. Labda na kivuko.

Jumamosi, 15 Juni

Jumuiya leo. Tumesali, tumemaliza, tukaanza maongezi. Bi Nyabise ndiye kiongozi wa akina mama wa mwaloni. Yeye ndiye anapanga nani anunue samaki kwenye mtumbwi gani. Mjita, mwembamba, mdomo una pilipili. Akaanza na mwanae aliyepata kazi mgodini Geita. Gari la kumchukua asubuhi. Kofia ya njano. Buti. Tumelisikia hilo gari mpaka limechakaa.

Halafu akanigeukia. "Na wako, Mama Minza, bado anafukuzana na maharusi?"

Wakacheka. Neno filamu lilikuwa mdomoni, nikalimeza. Wangesema uhuni. Nikasema binti yangu yuko kwenye kazi ya upelelezi. Nikasema nyumbani kwangu wamekaa askari kanzu. Nikasema siruhusiwi kuongeza.

Kimya. Hata watoto walinyamaza. Kimya kitamu! Nimepanda mlima natembea kama nimevaa viatu vipya. Na sikudanganya. Askari kanzu wapo. Wa filamu.

Jumatatu, 17 Juni

Nimeshuka mwaloni asubuhi, nikasalimia. "Mwangaluka!" Hakuna aliyeitikia. Nikarudia. Mwanamke mmoja akaangalia mguu wake. Nikaenda kwa wale wavuvi ninaonunua kwao miaka yote. Sato walikuwepo, nimewaona mikia kwa macho yangu. Mwenye mtumbwi akavuta turubai akawafunika. Eti wameshauzwa.

Nimerudi na beseni tupu. Kwenye kibanda changu cha kukaangia leo nimekaa napunga nzi ambao hawana cha kufuata.

Wivu tu. Mtoto wa mtu akipanda, watu wanaumwa.

Jumanne, 18 Juni

Minza amegombana na kamera tangu asubuhi. Anasema mwalo hauna watu. Nimechungulia. Kweli. Korongo wawili na mtumbwi mbovu. Mitumbwi yote imekwenda kutia nanga upande wa pili wa jabali, ambako dirisha halioni.

Wenye mitumbwi waliokubali kumkodishia Minza mitumbwi kwa siku moja wamekataa. Mmoja hapokei simu. Mwingine kapokea akasema yuko msibani Bujora, na nyuma yake mtu anaita dagaa, dagaa.

"Mama, umewaambia nini watu?"

"Mimi? Niwaambie nini?"

Nilijibu haraka mno. Kaniangalia. Nikaenda jikoni.

Jumatano, 19 Juni

Jirani anayemfuga jogoo wangu kanieleza, akiwa amesimama nyuma ya mlango wake ili asionekane akiongea na mimi. Watu wa mwaloni wanaona kioo kinawaka dirishani kwangu kila asubuhi. Walidhani ni kioo cha kujitazamia. Halafu mimi mwenyewe, kwa mdomo wangu, jumuiyani, nikasema askari kanzu. Kaka yake Bi Nyabise kaficha nyavu zake porini. Si yeye peke yake. Wanakumbuka jinsi nyavu haramu zilivyochomwa moto ufukweni mbele ya wenyewe, moshi ukapanda mpaka huku kwetu. Sasa wanasema safari hii Mama Minza ndiye aliyeleta kiberiti.

Nimetengwa.

Kwetu Usukumani hilo si neno la mchezo. Ukitengwa huitikiwi salamu, huuziwi kitu, huombwi moto wala hupewi. Ukifiwa, unalia peke yako. Bi Nyabise ni Mjita lakini hukumu ya Kisukuma kaishika vizuri kuliko sisi.

Nimemwambia Minza ukweli. Alianza kwa kucheka. "Polisi? Mimi na Baraka? Mama, Baraka anaogopa kumbikumbi!" Kisha akaacha kucheka.

Nikashuka kueleza. Nikasema jamani ni filamu, ni maigizo, yule kijana si askari, ni mtu wa kunyanyua vyuma tu. Bi Nyabise hakunijibu, maana mtu aliyetengwa haongeleshwi. Akamwambia mwenzake kwa sauti, "Mwambie huyo mama, tangu lini askari kanzu akakubali kuwa yeye ni askari?"

Baraka akivaa sare, polisi. Asipovaa, polisi zaidi. Nimepanda mlima nalia kwa hasira.

Alhamisi, 20 Juni

Anayetaka kurudishwa huwapikia waliomtenga. Nimepika. Ugali mkubwa, na sangara wa mchuzi. Sangara mwenyewe nimemnunua sokoni mjini, alikuwa na barafu. Mimi, wa mwaloni, kununua samaki mwenye barafu! Nilifunika uso kwa kanga.

Nikaweka vyungu, nikakaa chini mchangani kama inavyotakiwa. Wakaniacha. Jua likanipiga. Ugali ukapoa, ukafanya ngozi. Baadaye Bi Nyabise akaja, akasimama mbele yangu. Hakugusa maji ya kunawa.

"Tutakula tukishaona kilichomo ndani ya hiyo kamera."

Nikampigia Minza. Hakutaka. Akaja, kanuna, na kompyuta yake. Wakajazana chini ya kibanda cha kuanikia nyavu. Mwanzo kicheko. Yule anachokonoa pua. Yule anapunja kwenye ndoo ya dagaa huku anaimba pambio. Wakapigana makofi mgongoni. Nikadhani tumepona.

Halafu ikaja asubuhi ya mitumbwi mingi. Kicheko kikakatika. Sura za watu wazi, rangi za mitumbwi wazi. Makokoro, zile nyavu haramu, yanavutwa. Bi Nyabise mwenyewe anapanga sangara wachanga waliokatazwa chini, wakubwa juu.

"Hii ni picha tu, mama," Minza akasema. "Ni ya mazingira. Jambazi ni wa kuigiza."

"Na mimi ni wa kuigiza?" Bi Nyabise akauliza. "Afande akienda kuangalia hiyo filamu yako, atafumba macho nikipita?"

Minza kajaribu. Atafifisha sura. Atakata hapa na pale. Wakasema neno moja tu. Futa.

Akafunga kompyuta, akaondoka nayo. Vyungu nimerudi navyo vimejaa.

Ijumaa, 21 Juni

Tumegombana. Minza anasema zile asubuhi za mwaloni ndizo filamu. "Nikizitoa nabaki na nini? Mwanamume mwenye kifua, dirishani." Baraka alikuwepo, hakuudhika. Alikuwa anakula.

Nimewaza sana. Naumia huku, naumia kule. Nataka sato wangu. Nataka nikisema mwangaluka mtu aitikie. Lakini tangu mtoto huyu anapima watu kwa vidole, akitengeneza fremu kwa mikono, akiwa hajui hata kusoma, nilijua ana kitu. Nikamwambia, usifute. Mimi nitanunua samaki mjini. Nitaonja barafu mpaka nizoee. Piga filamu yako.

Nilimaanisha. Sikuwa najisifu.

Akaniuliza, "Na ukifa, mama, nani atakuzika? Baraka?"

Baraka akaacha kutafuna.

Minza akachukua kompyuta na ile kamera, akashuka peke yake. Akanikataza kumfuata. Nikabaki dirishani. Nilimwona anafika mchangani, mdogo kama kuku. Wakamzunguka. Bi Nyabise akainama karibu kabisa na mikono ya mwanangu. Sikusikia chochote, upepo ulikuwa unakwenda upande wao. Niliona tu vichwa vinafuata kidole cha Minza kinachofuta. Ikachukua muda. Mara moja Minza alisimama, akatembea mpaka majini, akarudi, akaendelea. Hapo nilijua amefika kwenye zile nzuri.

Sikuweza kukaa. Sikuweza kushuka. Hasira yote ikaniishia, ikabaki aibu, na aibu haina wa kumgombeza.

Halafu mtu pale chini akainua mkono juu, akauzungusha. Njoo na vyungu.

Jumamosi, 22 Juni

Jana walikula. Ugali wa kupasha moto, sangara wa barafu. Bi Nyabise alitafuna akakunja uso. "Samaki wa mjini huyu. Mama Minza, ulikuwa kwenye hali mbaya kweli." Wakacheka, na mimi nikacheka.

Sura zao wamekataa kabisa. Asubuhi ya leo Minza akawaomba sauti tu. Wakashauriana. Sauti haina uso, wakasema, chukua. Basi wakashindana! Kila mmoja anaita samaki kwa sauti kuliko jana, kuliko siku zote. Bi Nyabise kamtukana mvuvi wa kufikirika matusi marefu, mvuvi ambaye hayupo, mpaka Minza akamwomba apunguze.

Mchana wamepiga mwisho wa filamu hapa sebuleni. Hakuna mitumbwi, hakuna kukamatana. Baraka kakaa dirishani, anaangalia chini, na ile kelele ya mwaloni inaingia. Jambazi yuko kati ya hao watu wa chini na yeye hamjui. Basi. Anaangalia tu. Minza aliurudia mara nyingi, haridhiki, anauma mdomo. Mimi nilikuwa nimesimama mlangoni na mwiko, sijatoa hata pumzi.

Nilimuuliza kama ni nzuri. "Sijui, mama. Siyo ile niliyotaka." Akaanza kukunja waya.

Baraka kapanda basi. Shikamoo mama, kwaheri mama.

Jumanne, 25 Juni

Minza yuko mjini kwa rafiki yake, anaunganisha vipande. Nyumba imetulia. Nimerudisha makochi mahali pake, na hapajakaa sawa.

Nimeshuka mwaloni. Wameitikia. Sato wazuri, nimepangiwa mtumbwi wa pili. Tulipokuwa tunasubiri kupimiwa, mmoja akauliza filamu inatoka lini, na kama itaonyeshwa mpaka Dar. Wote wakageuka, na Bi Nyabise pia. Wananingoja mimi.

Nimesema, "Muulizeni mwenyewe Minza."

Sifa zilinijaa mdomoni, nikazimeza kama mfupa. Nimeinama, nimeinua beseni, nimepanda mlima taratibu.